Watu Mia Nane wa Nasimiyu

Siku za shule, Nasimiyu na mdogo wake Bradley walikuwa wakitoka nyumbani saa kumi na mbili kasoro robo asubuhi. Walishuka ngazi za jengo lao la ghorofa tatu huko Najma, mtaa mmoja wa Doha, wakapita nyuma ya duka la chai, wakakatiza kiwanja kitupu, na kabla Bradley hajamaliza kulalamika kuhusu uzito wa mkoba wake, walikuwa wameshafika barabara kubwa ambako basi la shule liliwachukua. Dakika nne tu. Nasimiyu alikuwa na miaka kumi na miwili, na njia hiyo angeweza kuipita akiwa amefumba macho.

Njia yenyewe haikuchorwa na mtu. Zamani palikuwa na nyumba tatu kuukuu pale, zikabomolewa kabla familia yao haijafika Doha kutoka Bungoma. Kikabaki kiwanja cha mchanga na vipande vya matofali, na watu wakaanza kukikatiza: walinzi wakitoka kazini, madereva, wapishi wa hoteli, wanawake wanaofanya kazi za nyumbani Abu Hamour. Miguu yao ikakanyaga mchanga mpaka ukashikana kama sakafu. Mvua ilipoleta dimbwi katikati, mtu mmoja akalaza mbao. Mwingine akafunga taa ukutani. Shaji, mwenye duka la chai kutoka Kerala, alipoona kwamba watu wanaopita nyuma ya duka lake ni wengi kuliko wa mbele, alitoboa dirisha kwenye ukuta wa nyuma akaanza kuuza chai ya maziwa na iliki. Baada ya dirisha akaja fundi viatu Mnepali na kigoda chake. Hivyo ndivyo mtaa mdogo ulivyozaliwa bila mtu yeyote kuuagiza.

Jumapili moja ya mwezi wa Mei, siku ya kwanza ya wiki ya shule huko Doha, Nasimiyu na Bradley walipinda kona ya duka la chai wakakuta njia imezibwa. Uzio wa mabati ya buluu ulikuwa umesimamishwa kuzunguka kiwanja chote, mrefu kuliko mtu mzima aliyeinua mkono. Bango kubwa kwa Kiarabu na Kiingereza lilisema kwamba hapo patajengwa ofisi na maegesho ya magari, na kwamba kazi itachukua miezi kumi na minane.

“Tupite wapi sasa?” Bradley aliuliza.

Walilazimika kufuata ukuta hadi mwisho wa mtaa, wakazunguka karakana ya magari, kisha wakatembea ukingoni mwa barabara pasipokuwa na njia ya waendao kwa miguu. Magari yaliwapita karibu na mabega. Bradley, aliyekuwa na miaka saba tu, alianza kulia. Walipofika kituoni, basi lilikuwa limeondoka kitambo. Mama alikuwa hospitalini kwenye zamu yake ya uuguzi, na baba alikuwa ameshakwenda kazini. Wakarudi nyumbani, na Nasimiyu akakosa mtihani wa hisabati aliokuwa amejiandalia kwa wiki nzima.

Lakini kilichomuudhi zaidi hakikuwa mtihani. Wakati wa kurudi, karibu na pembe ya uzio, aliona kigingi cha mbao kilichopakwa rangi ya machungwa. Juu yake palikuwa na namba zilizoandikwa kwa kalamu nene, na kila saba ilikuwa na kistari katikati. Aliujua mwandiko huo. Ndio uliokuwa kwenye madaftari yake yote, kila baba alipomsahihishia kazi ya nyumbani.

Jioni, walipoketi kula, hakungoja hata ugali upoe.

“Baba, kile kiwanja ulikipima wewe?”

Baba yake, Augustine, aliacha kumega. Alikuwa mpima ardhi katika kampuni moja ya ujenzi, mtu mpole aliyependa vitu vilivyonyooka.

“Ndiyo. Mwezi uliopita.”

“Kwa hiyo ulijua watafunga njia.”

“Nilijua.”

“Na hukutuambia.”

“Nasimiyu, mimi napima pale ninapoambiwa nipime. Mchoro huletwa ukiwa umekamilika. Niliitazama ramani yao. Pale penye njia yenu hapana kitu, ni karatasi nyeupe.”

“Lakini wewe unapita pale kila Ijumaa kununua mkate. Uliiona kwa macho yako. Ungewaambia kwamba kuna njia.”

Augustine alitazama sahani yake. “Ningewaambia,” alisema. “Sikuwaambia.”

“Kuleni kwanza,” alisema mama yao, Jennifer, lakini hata yeye sauti yake ilikuwa kavu. Nasimiyu alisukuma sahani akaenda chumbani. Alijilaza akitazama dari, akiwaza kwamba baba yake mwenyewe ndiye aliyepigilia vigingi vya kuwafungia njia, halafu akarudi nyumbani kila jioni akiwauliza habari za shule kana kwamba hakuna lolote.

Wiki ile joto lilizidi. Siku ya Alhamisi, saa nane mchana, Nasimiyu na Bradley walikuwa wakizunguka uzio kutoka shule walipomwona mtu ameketi chini kando ya ukuta wa karakana, mifuko miwili ya sokoni imemwangukia miguuni. Alikuwa Nyaboke, jirani yao wa ghorofa ya kwanza, mwanamke wa zaidi ya miaka hamsini aliyefanya kazi ya usafi katika nyumba moja Abu Hamour. Goti lake la kulia lilikuwa bovu tangu zamani.

“Anti Nyaboke, umeumia?”

Nyaboke alimtazama kama mtu asiyemjua. Uso wake ulikuwa umeiva kwa joto, mkavu bila tone la jasho. Akaanza kumwita Nasimiyu kwa jina la mwanawe aliyeko Kisii, akimwambia afunge ng’ombe.

Nasimiyu alishikwa na hofu, ila mikono yake ilifanya kazi. Alimtuma Bradley akaombe maji kwenye karakana, akampigia mama yake simu.

“Mtoe juani,” Jennifer alisema kwa haraka. “Mmwagieni maji kichwani na shingoni, mpepee. Asinywe kama hajitambui. Waambie hao mafundi waite gari la wagonjwa sasa hivi. Usikate simu.”

Mafundi wawili walimbeba Nyaboke hadi kivulini. Nasimiyu alimpepea kwa daftari mpaka mkono ukafa ganzi. Gari la wagonjwa lilifika, na kesho yake Nyaboke alirudi nyumbani akiwa mzima lakini dhaifu. Jennifer, aliyekwenda kumwangalia, alipanda ngazi akiwa amekunja uso. Hakuvua hata viatu.

“Dakika ishirini na mbili juani na lile goti,” alimwambia mumewe. “Zamani alikuwa akifika kwake kwa dakika tano. Augustine, mtu angekufa pale. Mimi hukaa hospitalini nikiwapokea watu kama hawa, na jana nilimpokea jirani yangu.”

Augustine akamwita Nasimiyu.

“Injinia mkuu wa mradi anaitwa Hessa. Hupokea maoni ya wakazi kwa maandishi, na baada ya wiki mbili wanakaa kupitia michoro. Maneno matupu hayamsogezi yule mama, yeye anataka takwimu. Hesabu watu wanaozunguka huu uzio. Siku tatu, kuanzia saa tisa alasiri hadi saa moja jioni. Andika kisa cha Anti Nyaboke kama kilivyotokea. Nitaipeleka barua mimi mwenyewe, na jina langu nitaliweka chini yake.”

Kwa mara ya kwanza tangu Jumapili, Nasimiyu alimtazama baba yake usoni. “Nitahesabu,” alisema.

Jumapili iliyofuata alianza kazi pamoja na rafiki yake Michelle, msichana wa Kiganda wa jengo lao waliyesoma naye darasa moja. Shaji aliwapa makreti mawili ya kukalia kwenye kivuli cha duka lake. Kila mtu aliyezunguka uzio alitiwa alama moja kwenye daftari. Mwanzoni ilikuwa kama mchezo. Ilipofika saa kumi na moja, migongo iliwauma, fulana ziliwaganda mwilini, na nzi waliwasumbua. Saa moja jioni walijumlisha alama: watu mia mbili na kumi na wawili.

“Ni wengi,” alisema Michelle.

“Si wengi. Nilidhani watafika elfu.” Nasimiyu aliitazama ile namba akiona kama imemsaliti. “Nani atasogeza uzio kwa ajili ya watu mia mbili? Watacheka.”

“Lakini ndio tuliowaona.”

Jumatatu Michelle hakuja, kichwa kilimuuma. Nasimiyu alikaa peke yake nusu saa. Lori la mradi lilipita likamfunika kwa vumbi, na dereva hakumtazama hata kidogo. Hapo ndipo hasira ilipompanda. Hawa watu, aliwaza, wametufungia njia bila kutuuliza, wamechora karatasi nyeupe mahali tulipokuwa tukipita kila siku. Wao hawakusema ukweli kutuhusu. Kwa nini mimi niwaambie ukweli?

Akarudi nyumbani, akafuta mia mbili na kumi na mbili, akaandika mia nane na kumi na mbili. Chini yake, kwa Jumatatu, akaandika mia nane arobaini na tano, na kwa Jumanne, siku ambayo hata haijafika, akaandika mia nane na sitini. Namba zilionekana nzuri. Zilikuwa na nguvu iliyolingana na hasira yake.

Jumanne jioni alimpa baba yake barua. Augustine aliisoma amesimama, akafika kwenye takwimu, akainua nyusi.

“Mia nane? Kwa saa nne?”

“Ndiyo.”

“Una hakika?”

“Nina hakika, Baba.”

Alimtazama kidogo, kisha akachukua kalamu akatia sahihi.

Siku tano zilipita. Nasimiyu alikuwa mezani akifanya hesabu za kugawanya wakati Augustine alipoingia. Hakumsalimu mtu. Alivuta kiti, akaketi mbele ya binti yake, akaweka ile barua mezani.

“Jumatatu ulihesabu na nani?”

“Na… Michelle.”

“Michelle nimekutana naye ngazini sasa hivi. Amesema Jumatatu alikuwa mgonjwa. Nakuuliza mara ya pili.”

Nasimiyu aliweka kalamu chini.

“Injinia Hessa alipoona mia nane alishtuka,” Augustine aliendelea. Hakupandisha sauti, na hilo lilikuwa baya zaidi. “Alishtuka kiasi cha kutuma vijana wake wawili wakahesabu siku mbili, saa zile zile. Walipata mia mbili thelathini na moja na mia mbili na tisa. Leo ameniita mbele ya wenzangu akaniuliza hawa wengine mia sita wamekwenda wapi. Nasimiyu, kazi yangu ni namba. Mtu akiniambia kigingi kiko mita arobaini, jengo zima linasimama juu ya neno hilo. Leo nimesimama pale na jina langu chini ya uongo, na sikuwa na la kusema.”

“Wao ndio walioanza,” Nasimiyu alisema. “Wao ndio walioandika kwamba hatupo.”

“Na wewe ukawasaidia. Unajua alichosema kuhusu Anti Nyaboke? Alisema kama idadi imebuniwa, basi huenda na huyo mama aliyezimia amebuniwa. Ameiweka barua kando. Kikao ni Jumapili ijayo, na uzio haumo kwenye ajenda.”

Nasimiyu alikurupuka akashuka mbio hadi ghorofa ya kwanza. Hakujua anachotaka kusema. Nyaboke alifungua mlango akiwa ameshikilia ukuta, na Nasimiyu akamweleza yote kwa pumzi moja, tangu ile mia mbili hadi mia nane. Alitarajia kufarijiwa. Nyaboke hakumfariji.

“Kwa hiyo mimi ni hadithi,” Nyaboke alisema polepole. “Nimeanguka kwenye lami ya moto mchana wa Mungu, watu wamenimwagia maji kama mche, na huko ofisini mimi ni hadithi ya mtoto.”

“Nisamehe, Anti.”

“Nimekusikia. Lakini hasira yangu haiwezi kuisha leo kwa sababu umesema pole. Nenda ukairekebishe kwanza. Halafu njoo uniombe msamaha.”

Usiku ule Nasimiyu aliona haya kuliko alivyowahi kuona maishani. Asubuhi alimwomba baba yake ampeleke kwa Injinia Hessa. Augustine alisita, kisha akakubali. Jumatano alasiri walifika kwenye kibanda cha ofisi ya mradi, ambamo kipoza hewa kilinguruma na kuta zote zilijaa michoro. Hessa alikuwa mwanamke wa Kiqatari wa makamo, amevaa abaya nyeusi na viatu vizito vya kazi, kofia ngumu iko mezani kando ya kikombe cha chai. Alizungumza Kiingereza taratibu ili mtoto amfuate.

“Nina dakika kumi,” alisema.

“Nilidanganya,” Nasimiyu alisema. Alikuwa amepanga maneno mengi njiani na yote yalimtoroka. “Siku ya kwanza tulihesabu kweli, walikuwa mia mbili na kumi na wawili. Nilifuta. Siku nyingine mbili sikuhesabu, niliandika tu. Baba hakujua. Lakini Anti Nyaboke ni mtu wa kweli na alianguka kweli. Naomba umwamini yeye hata kama huniamini mimi.”

Hessa alimkazia macho. “Kwa nini ulifuta?”

“Niliona ni wachache. Na nilikuwa nimekasirika.”

“Wachache?” Hessa aliinuka, akaenda ukutani akaweka kidole kwenye mchoro wa kiwanja. Sasa na yeye alikuwa amekasirika. “Watu mia mbili kwa saa nne, mahali ambapo ramani yangu inasema hakuna mtu. Namba hiyo peke yake ingetosha kunisimamisha. Ulikuwa na kitu cha kweli mkononi ukakitupa. Mimi nimepoteza siku mbili za vijana wangu kufukuzia watu mia sita wasiokuwepo, na nikamdharau mama mgonjwa aliyekuwepo. Unaelewa umenifanya nini?”

Nasimiyu alitikisa kichwa kukubali. Machozi yalimtoka, akayaacha.

Hessa alirudi kukaa. Alikunywa chai kidogo, na aliposema tena sauti yake ilikuwa imepungua ukali.

“Bibi yangu alizaliwa katika Doha ambayo haikuwa na mchoro. Mtu alijenga nyumba, jirani akajenga yake, na nafasi iliyobaki katikati ikawa sikka, kichochoro cha kupita. Vichochoro hivyo vilikuwa vyembamba, lakini vilikuwa na kivuli na vilimfikisha mtu anakokwenda. Halafu tukaja sisi na rula zetu. Tumeleta maji, umeme, metro, hospitali. Vitu hivyo haviji bila kupanga. Ila rula haioni miguu. Lazima mtu aiambie.” Akamwangalia Augustine. “Na wewe, Bwana Augustine, ulipima kiwanja ukaona njia ukanyamaza. Binti yako aliongeza watu, wewe uliwafuta wote. Sijui ni lipi baya zaidi.”

Augustine aliinamisha kichwa. “Ni kweli, Injinia.”

“Kikao ni Jumapili saa nne. Nihesabieni upya kesho Alhamisi, kisha Ijumaa na Jumamosi. Andikeni saa, na kila mtu anatoka wapi kwenda wapi. Na huyo mama aje mwenyewe, akipenda.”

Siku hizo tatu hazikuwa mchezo. Nasimiyu, Michelle na Augustine walikaa zamu kwenye makreti ya Shaji. Waliwauliza watu wanakotoka, na wengine waliwajibu vibaya kwa uchovu. Mlinzi mmoja alimwambia Nasimiyu kwamba watoto wanaouliza maswali humletea mtu matatizo, akaenda zake bila kusema jina wala safari yake. Nasimiyu alimwandika hivyo hivyo: mtu mmoja, hakutaka kujibu. Alhamisi walipata watu mia mbili na kumi na tisa. Ijumaa, siku ya mapumziko, walipata mia moja thelathini na wanne tu.

Nasimiyu aliitazama ile namba ya Ijumaa. Mkono ulimwasha. Ingekuwa rahisi sana kuigeuza moja kuwa mbili, kistari kidogo tu.

“Michelle,” alisema, “isome kwa sauti, niiandike.”

“Mia moja thelathini na nne.”

Akaiandika. Jumamosi walikuwa mia moja tisini na wanane.

Jumapili Augustine aliomba ruhusa kazini, Nasimiyu akaomba shuleni, na Nyaboke akatoka nyumbani na mkongojo aliopewa hospitalini. Mbele ya meza yenye wahandisi saba, Nyaboke alisimama akakataa kiti.

“Mimi ndiye yule mnayesema nimebuniwa,” alisema, na Augustine akamtafsiria. “Nimesafisha nyumba katika jiji hili miaka kumi na minne. Sijaja kuomba kiwanja cha mtu. Nimekuja kuomba nafasi ya kupita kwenda kulala.”

Hessa alipitisha karatasi za hesabu, na mhandisi mmoja kijana akauliza kama safari hii zinaaminika.

“Tazama Ijumaa,” Hessa alimjibu. “Mtu anayetaka kukudanganya hakuletei mia moja thelathini na nne.”

Wiki tatu baadaye uzio ulisogezwa. Haukuondolewa, wala njia ya zamani haikurudi, kwa sababu pale ilipokuwa tayari palikuwa na shimo la msingi. Waliacha ujia wa mita mbili na nusu upande wa pili wa kiwanja, wakaufunika kwa turubai la kivuli, na mchoro wa jengo ukarekebishwa ili ujia huo ubaki hata ujenzi ukiisha. Augustine ndiye aliyepima mstari wake. Kutoka jengo lao hadi barabara kubwa sasa ilikuwa dakika saba.

Siku ulipofunguliwa, Nyaboke alikuwa miongoni mwa watu wa kwanza kupita. Alikwenda na kurudi, akatangaza kwamba ni mwembamba, na kwamba turubai limefungwa vibaya upande wa kushoto. Nasimiyu alimngoja mwishoni mwa ujia.

“Anti, nimekuja kukuomba msamaha.”

Nyaboke alimtazama kwa makini, kisha akamkabidhi mfuko wake mzito wa viazi. “Nibebee,” alisema. “Nimekusamehe.”

Aliyebaki na hasira alikuwa Shaji. Wapita njia sasa walikuwa mbali na dirisha lake la nyuma. Alimsimamisha Nasimiyu mbele ya duka, mikono kiunoni.

“Wewe msichana wa barua, niandikie na mimi. Waambie nilikuwa nikiuza vikombe elfu mbili kwa siku pale dirishani. Nataka ruhusa ya kuweka kibanda kwenye ujia.”

Nasimiyu alitoa daftari lakini hakuandika. Alimtazama tu, kwa heshima, akingoja. Shaji alijikuna kidevu, akaangalia pembeni.

“Mia moja na themanini,” alisema kwa kunung’unika. “Siku za joto, mia moja na hamsini.”

Hapo akaandika.

Augustine alikuwa amesimama karibu, akiwasikiliza. Walipoanza kupanda ngazi, alimwambia binti yake aketi naye kidogo kwenye ngazi za chini.

“Bado una hasira nami?”

“Kidogo,” Nasimiyu alikiri. “Ungesema mapema, Anti Nyaboke asingeanguka.”

“Nakubali. Ningekuwa wewe, na mimi ningekasirika. Sikuambii uache kukasirika, kwa sababu bila hasira yako uzio ungekuwa pale pale. Lakini sikiliza, mwanangu. Jiji hujengwa na wanaochora na wanaopita. Anayechora hawezi kumwona kila anayepita, na anayepita hawezi kuchimba msingi wala kuleta maji. Kinachowaunganisha ni kuambiana ukweli. Mimi niliuficha, wewe ukautia chumvi, na wote wawili tulimuumiza mtu yule yule. Siku nyingine ukionewa, kasirika, halafu kaa chini uhesabu vizuri. Namba ndogo ya kweli itakufikisha mbali. Ile kubwa ya uongo ilinifikisha mbele ya wenzangu nikiwa sina la kusema.”

“Na wewe siku nyingine ukiona njia?”

“Nitaitia kwenye ramani kabla ya kupigilia kigingi,” Augustine alisema. “Wakinikatalia, nitaandika kwamba wamenikatalia.”

Nasimiyu alifikiri kidogo, akaona kwamba jibu hilo linamtosha. Akauchukua mfuko wa viazi, akaupeleka kwa Nyaboke.